Ngwe ya Sita

Kazini wananiita Kasuku, na sikatai. Kasuku hurudia maneno akiwa ndani ya tundu, mimi nayarudia nikiwa ndani ya sare. Tofauti yetu ni manyoya tu. Mara nane kwa siku nasimama mbele ya ukuta wa mwisho wa jumba la picha, nawasubiri wageni wamalize kukohoa, kisha naanza: "Picha hii inaitwa Ngwe."

Unaijua, usijitie mgeni. Imo kwenye kalenda, imo kwenye mfuko wa unga, imo kwenye jalada la daftari la hesabu ulilokuwa ukichorea vikatuni wakati mwalimu ameipa darasa mgongo. Iliwahi kuwa hata kwenye stempu, watu wakawa wanawalamba wale akina mama na kuwabandika kwenye barua za kuomba kazi. Ni wanawake watano wameinama kwenye mstari mmoja, majembe yamezama ardhini, nyuso hazionekani hata moja. Nyuma yao udongo mweusi uliogeuzwa, mbele yao nyasi. Upande wa kushoto kabisa iko ngwe ya sita. Hiyo haina mtu. Nyasi zake zimesimama kuanzia mwanzo hadi kwenye kichaka cha mwisho wa shamba, na jembe limechomekwa ardhini, mpini juu, kama mtu ameliacha hapo kwa dakika moja.

Kwa wale waliozaliwa wakakuta unga uko dukani: ngwe ni kipande cha shamba kinachopimwa kwa kamba, kila mlimaji akapewa chake. Mnaanza pamoja na mnaondoka pamoja. Ukimaliza yako mapema, unasimama unamsubiri mwenzio. Ngwe moja ikiwa wazi, wote mko shambani.

Basi ile ngwe tupu imewapa watu kazi kuliko shamba lenyewe. Profesa mmoja aliandika kwamba ni historia ambayo haijasimuliwa. Kiongozi mmoja, mwenye viganja laini kama mkate, alihutubia kwamba ni nafasi ya kila kijana, na jembe lile linamsubiri. Mhubiri akasema ni roho. Mimi nazisema zote tatu, kwa sababu ndivyo karatasi niliyopewa inavyosema, na Kasuku hachagui.

Nyumbani tupo watatu: mama, mimi, na bibi mzaa mama, ambaye nalala naye kitanda kimoja. Bibi haniiti mjukuu. Ananiita mke mwenza. Babu alikufa kabla sijaota meno, lakini bibi hajaacha kunigombania naye. Nikipika vizuri anasema najipendekeza kwa mume wa watu; nikiunguza anasema babu alikufa mapema kwa kuogopa mapishi yangu. Kwa miaka mingi alikuwa haoni vizuri. Mwaka huu ndipo walipomtoa mtoto wa jicho. Siku bandeji ilipofunguliwa alinitazama kwa muda mrefu, akapumua, akasema, "Kumbe ndiye huyu. Mume wangu alikuwa na huruma sana."

Tangu hapo akataka kuona kila kitu, na kazi yangu ikiwemo. Nikamleta Jumamosi moja asubuhi, na ndara zake za plastiki za bluu, ya kulia ukanda umekatika nikaufunga mwenyewe kwa waya. Mlinzi wetu, tunayemwita Komeo kwa kuwa hafunguki, alifunguka siku hiyo: akamvutia bibi benchi mbele ya picha kabisa. Kulikuwa na wageni kumi hivi. Nikasafisha koo, nikaringa kidogo, maana bibi yangu ananiona. Nilipofika kwenye "utupu wa ngwe ya sita unaashiria" nikasikia mtu anacheka kwa pua.

"Hauashirii kitu," alisema bibi. "Nilikwenda kunyonyesha."

Wageni wakacheka. Mimi sikucheka, kwa sababu sauti ya bibi akitania naijua, na ile haikuwa yenyewe.

Walipoondoka nikakaa naye. Kalenda yetu ya jikoni aliwahi kuisogelea na jicho lake bovu, lakini kwenye kalenda upande wa kushoto hukatwa ili miezi ipate pa kukaa. Picha nzima ndiyo kwanza anaiona. Akanionyesha kwa kidole, mgongo mmoja mmoja, kama mtu anayewatambua majirani kwa nguo zilizoanikwa. Yule wa mwisho kulia ni Mcheko. Anayemfuata, Mama Pacha. Wale wawili waliofanana kiuno ni dada wa tumbo moja. Na huyu aliye karibu na ngwe tupu ni Kifupi, shoga yake.

Akanisimulia. Mwanamume mmoja alikuja na ubao wake, akasimama pembeni ya shamba siku tano, wao wakadhani ni mpima ardhi. Siku ya sita mtoto akalia kule kivulini. Mtoto mwenyewe ndiye mama yangu, na mimi nashuhudia kwamba bado analia akitaka kitu. Bibi mgongo ulikuwa unamuuma tangu alfajiri. Akachomeka jembe, akawaambia wenzake, "Nakuja."

Nakuja ya kwetu mnaijua. Mtu anakupa kisogo, anashika njia, anatoka zake, na huku anasema nakuja. Atarudi baada ya dakika mbili au baada ya ndoa mbili. Bibi alimbeba mtoto, akatokea barabarani, akamkuta babu juu ya lori lililopakia vyombo vyao: kazi ya mjini imepatikana, panda. Akapanda.

"Ukarudi lini?" nikamuuliza.

"Bado," alisema bibi. "Bado sijarudi."

Alikuja kusikia baadaye kwamba walimsubiri mpaka wasionane nyuso. Mmoja baada ya mwingine wamekufa. Kifupi ndiye wa mwisho, alizikwa mwaka jana. Nikajaribu kuchangamsha. Nikamwambia nitampelekea profesa salamu, kwamba historia yake isiyosimuliwa ilikuwa inanyonya. Alikuwa amekaa wima, mikono mapajani, vidole vinajikunja na kujikunjua kama vinashika kitu.

Tuliporudi nyumbani mama aliona viganja vyake. Vilikuwa na malengelenge manne, mawili kila upande, na chini ya kucha kulikuwa na udongo mweusi. Mama akanigeukia mimi: nimempeleka mzee wapi. Nikasema kwenye benchi. Ilikuwa kweli, lakini ukweli ukisemwa na mtu mwenye sifa kama zangu haununuliwi na mtu.

Asubuhi Komeo alinisubiri mlangoni. Akaniuliza kwa upole usio wake kama nimemruhusu mtu kuigusa picha. Akanipeleka. Kule mwanzo wa ngwe ya sita, nyasi zimeondoka. Udongo umegeuzwa, mweusi, bado unang'aa kwa unyevu wa rangi, upana wa vidole vitatu. Na jembe limesogea mbele.

Nilikisogeza kidole karibu bila kugusa. Kulikuwa na harufu. Nilitaka iwe ya mafuta ya rangi. Ilikuwa ya ardhi baada ya mvua.

Bibi alitaka kurudi siku hiyo hiyo, na kila siku jumba lilipofunguliwa. Alikaa benchi lile lile kuanzia saa tatu hadi saa sita, kifua kinapanda na kushuka. Mimi nilisimama kando yake nikiwahubiria watu kuhusu utupu unaopungua mbele ya macho yao. Je, waligundua? Ndugu yangu, hakuna aliyegundua. Watu walikuja, wakaipa picha mgongo, wakajipiga picha wakitabasamu, wakaondoka. Kitu unachokijua tangu darasa la pili unakitazama ya nini? Mwalimu mmoja alisimama mbele yake dakika kumi akiwaelezea wanafunzi nyasi ambazo hazipo.

Wa kuona kwamba hazipo ni sisi watatu, bibi, mimi na Komeo, na Komeo alikuwa ameanza kuingia chumba kile kinyumenyume.

Siku ya nne nilipima. Nilinyoosha mkono hewani, sikugusa: kutoka kwenye jembe hadi kichakani ilibaki shibiri moja na nusu. Nikamuuliza bibi, tukiwa njiani kurudi, kama mtu anayeuliza bei ya nyanya, akifika kwenye kichaka itakuwaje.

"Tutakwenda nyumbani."

"Nyumbani wapi?"

Akanitazama na macho yake mapya. "Mke mwenzangu," akasema, "wewe husemi siku zote unataka kitanda peke yako?"

Hapo ndipo mzaha uliponikauka kinywani. Bibi hajawahi kuniumiza kwa utani, na hata siku ile hakukusudia. Lakini nilielewa. Ngwe ikiisha, wanaondoka wote, na yeye ni mmoja wao. Wengine watano wamekwishakufa.

Siku ya tano ulibaki upana wa kiganja. Siku ya sita nilizificha ndara zake ndani ya kabati langu kazini, nikamwambia jumba limefungwa, kuta zinapakwa rangi. Nilidanganya vizuri, nimesomea, kila siku nasema mambo nisiyoyaamini mara nane. Bibi alitazama miguu yake, akanitazama, akasema sawa.

Nilipofika kazini, Kifupi alikuwa amegeuka.

Si sana. Mgongo ulikuwa umeinama vile vile, jembe lilikuwa pale pale. Ila kichwa kilikuwa kimepinda juu ya bega, na pale palipokuwa na kitambaa tu, sasa palikuwa na shavu na pembe ya jicho. Alikuwa anatazama benchi. Kesho yake wale dada wawili waligeuka, kwa pamoja, kama wanavyogeuka watu waliozoea kuitwa kwa jina moja. Siku iliyofuata Mama Pacha. Nyuso hazikuwa na hasira. Laiti zingekuwa nayo. Zilikuwa nyuso za watu wanaokusubiri kwenye foleni, wenye adabu, waliochoka. Bibi hayupo, kwa hiyo walikuwa wananitazama mimi. Nilikosea maneno mara tatu mbele ya wageni. Kasuku, nikakosea maneno.

Na nyumbani bibi hakunyooka. Asubuhi ile niliyomdanganya alijaribu kuinuka kitandani, akainuka nusu, akabaki hapo. Mgongo ulikataa. Akawa anatembea ameinama, mikono inaning'inia mbele, anatazama sakafu. Analala kwa ubavu akiwa amekunjika vile vile. Mama alimpeleka hospitali. Daktari akamgonga uti wa mgongo, akasema ni umri, akampa vidonge vya njano. Vidonge havikuujua ugonjwa wenyewe. Kutwa nzima bibi alikuwa akipumua kama mtu anayelima, na malengelenge ya viganjani hayakukauka, wala hayakupasuka. Hakula. Hakulalamika pia, na hilo ndilo lililonimaliza, kwa kuwa bibi yangu analalamikia hata chumvi ya jirani.

Mchana wa siku ya tatu ya kuinama kwake nilimkuta ukumbini, ameinama mbele ya kalenda ya jikoni aliyoitungua mwenyewe, ameitandaza chini. Alikuwa anatafuta ukingo wa kushoto uliokatwa.

"Mwambie mama ana deni la kukaa na wewe," nikamwambia. Ni sentensi isiyo na maana, nilikuwa nalia. "Mwambie huyo Kifupi mimi nimekataa."

"Unajua inavyouma kusimama hivi?" akaniuliza, kichwa chini. "Mimi siku tatu. Wao tangu mama yako yuko kifuani."

Nikamwomba anipe jembe mimi. Nilisema kwa dhati: nina nguvu, mgongo wangu mpya, umebaki upana wa kiganja, nitaumaliza kabla ya chai. Bibi akacheka, kicheko chake halisi, kikatoka kwa taabu kwa sababu ya kule kuinama.

"Hii ni yangu," alisema. "Usiwe na haraka. Yako utapimiwa."

Kwa hiyo Jumatatu nilimpeleka. Jumatatu jumba hufungwa kwa usafi, hakuna wageni. Njia nzima alinishika mkono kwa mkono mmoja na ukuta kwa mwingine. Mama alitusindikiza hadi sokoni, akashika njia yake, akinitukana kwa kumtesa mzee. Tulipofika nilimtolea ndara kabatini, nikapiga magoti, nikamvisha. Nikakaza ule waya. Komeo akafungua mlango, akavua kofia, akabaki nje.

Wote watano walikuwa wamegeuka. Bibi alipoketi, waligeuza nyuso wakatazama ardhi. Sikuwaona wakigeuka; nilipepesa tu.

Akakaa ameinama, vidole vikaanza. Nilikaa chini, mgongo wangu kwenye mguu wake, nikamwimbia umbea wa ofisi ili nisisikie kile nilichokuwa nakisikia: kwa mbali, taratibu, vishindo sita visivyopishana. Vidole vinne. Vidole vitatu. Joto la mguu wake nililihisi mgongoni kwa kipindi chote hicho. Nyasi hazikuwa zinaondoka. Kila nilipotazama zilikuwa zimekwishaondoka. Kidole kimoja.

Simu ya mapokezi ikalia. Ililia, ikakata, ikalia tena. Ni Mkurugenzi, huyo hupiga kila Jumatatu kuhakikisha tunafagia, na asipopokelewa huja mwenyewe. Nikainuka. Bibi naye akainua uso, na nikaona mgongo wake unafuata, pingili kwa pingili, mpaka amekaa wima kama msichana.

"Imekwisha," alisema. "Haya, mke mwenzangu. Twende?"

Nami nilikuwa nimekwishampa kisogo, naelekea kwenye simu. Nikajibu kama unavyojibu wewe, kama anavyojibu kila mtu mwenye ulimi na mguu mmoja mlangoni.

"Tangulia, bibi. Nakuja."

Niliporudi alikuwa ameegemea ukuta, macho wazi, mgongo umenyooka. Miguu yake ilikuwa mitupu. Tulizitafuta zile ndara, mimi na Komeo, chini ya benchi na nyuma ya mapazia, hadi mama alipofika. Walipomwosha walishangaa jinsi alivyonyooka. Viganja vilikuwa vikavu, na kucha safi.

Picha sasa iko hivi: shamba lote limelimwa. Wanawake sita wamesimama wima, wametupa mgongo, wanaondoka kuelekea kichakani na majembe mabegani. Jambo hili hata Mkurugenzi aliligundua, baada ya siku tisa. Wakaja wataalamu na miwani yao ya kukuzia. Walikaa wiki mbili, wakahojiana, wakanihoji. Nikasema ukweli, wakaandika kwamba mfanyakazi amefiwa, apumzike. Mwisho wakatangaza kwamba picha ilikuwa na uchafu wa miaka mingi, imesafishwa, na sasa umma unaiona kama mchoraji alivyokusudia. Kalenda mpya zimeshatoka. Watu wanasema walikumbuka hivyo tangu mwanzo.

Mimi nimepewa karatasi mpya. Inasema yule wa sita, wa kushoto, ana alama za bluu miguuni, wakati wenzake hawana viatu. Wataalamu wameafikiana kwamba bluu inaashiria matumaini. Nayasoma hayo mara nane kwa siku, nikitazama ukanda wa kulia ambako, ukisogea sana, kuna kijistari cha fedha mfano wa waya.

Karatasi haisemi lolote kuhusu kamba. Ilionekana mwezi uliopita, chini kushoto, nyembamba kama unywele, imevutwa kati ya vigingi viwili. Ndani yake nyasi zimesimama, na katikati ya nyasi lipo jembe, mpini juu. Komeo ameiona. Sasa akitoka kwenda kunywa chai hasemi nakuja. Anasema, "Naondoka," na anarudi.

Wale watano hawageuki. Wa sita ndiye ninayemwangalia. Wiki ya kwanza nilikiona kisogo chake tu. Leo asubuhi, nikifuta vumbi kwenye fremu, nimeona sikio, na kipande cha shavu. Hana haraka. Ananijua mimi mvivu.

"Bibi," nimemwambia, nikitazama pembeni, "huku bado nina kazi."

Na bado nahisi viganja vinawasha.